Ugonjwa wa Diski za Kiuno: Asili Yake, Matibabu Yake na Alama Zake za Hatari

Katika milima ya Kisii kazi nyingi hufanywa kwa nguvu ya mgongo. Birongo, iliyo katika Nyaribari Chache, ni nchi ya miteremko. Mashamba ya migomba, mahindi na chai yamelala juu ya vilima, na chemchemi za maji ziko chini mabondeni. Mchuma chai hubeba kapu lake hata afike kituo cha kununulia majani. Mwenye ng'ombe wa maziwa hujitwika mzigo wa majani ya nepia. Mama hupanda mlima na mtungi wa lita 20 za maji, ambao uzito wake haupungui kilo 20, na kijana wa bodaboda huketi juu ya pikipiki tangu alfajiri mpaka usiku katika njia zenye mashimo. Si ajabu basi kwamba malalamiko ya kiuno husikika karibu katika kila mji. Wala jambo hili si la Kisii peke yake. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba katika mwaka 2020 watu milioni 619 duniani walikuwa na maumivu ya kiuno, na kwamba hakuna ugonjwa mwingine unaowazuia watu wengi kufanya kazi zao kuliko huo.

Maumivu ya kiuno yana asili nyingi, na mengi hutokana na misuli iliyochoka tu. Somo hili lahusu asili moja, yaani kupasuka kwa diski, ambako huleta maumivu makali yashukayo mguuni. Mambo mawili yafaa kujulikana na kila mwenye nyumba. La kwanza ni kwamba wagonjwa walio wengi hupona bila kupasuliwa. La pili ni kwamba wako wachache ambao wakichelewa hata siku mbili waweza kupata hasara isiyorudishika. Anayejua kuwatambua hawa na wale hatapoteza mali yake bure, wala hatapoteza mguu wake.

UTI WA MGONGO ULIVYOUMBWA

Uti wa mgongo si mfupa mmoja. Umefanyizwa kwa pingili zilizopangwa moja juu ya nyingine: pingili 7 za shingo, 12 za kifua na 5 za kiuno, nazo zimekaa juu ya mfupa mpana ulio nyuma ya nyonga. Baina ya pingili na pingili kuna kitu mfano wa mto mdogo wa duara, nacho ndicho kiitwacho diski. Diski zote ni 23. Kazi yake ni kupokea uzito na kuuwezesha mgongo kupinda.

Anayetaka kujua diski ilivyo na akate shina la mgomba. Ataona maganda yaliyozungukana tabaka kwa tabaka, na katikati moyo laini wenye maji. Diski nayo ni vivyo hivyo. Nje ina pete ngumu ya nyuzi zilizopangwa tabaka juu ya tabaka, na ndani ina ute mzito. Katika ujana ute huo una maji kadiri ya sehemu 80 katika kila 100, lakini miaka inapoendelea maji hupungua na pete ya nje huanza kupata nyufa ndogo ndogo.

Mchana, mtu anaposimama na kubeba mizigo, maji hukamuliwa kidogo kidogo kutoka katika diski. Usiku, alalapo, diski huyanywa tena. Kwa sababu hiyo mtu huwa mrefu zaidi asubuhi kuliko jioni, kwa kadiri ya sentimita 1 au zaidi. Jambo hili si la kuchekesha tu. Diski iliyojaa maji alfajiri hukazwa sana mtu anapoinama, na kwa hiyo saa ya kwanza baada ya kuamka si saa njema ya kuinua vitu vizito.

Nyuma ya pingili hupita mfereji, na ndani yake uboho wa mgongo ushukao kutoka katika ubongo. Uboho huo huishia karibu na mwanzo wa kiuno. Chini ya hapo hubaki fungu la mishipa ya fahamu iliyotawanyika kama mkia wa farasi, nayo huenda miguuni, katika kibofu cha mkojo na katika njia ya haja kubwa. Fungu hili litatajwa tena.

DISKI INAPOPASUKA

Watu husema kwamba diski imeteleza. Kwa kweli diski haitelezi, maana imeshikamana imara na pingili zilizo juu na chini yake. Kinachotokea ni kwamba pete ya nje hupasuka, na ute wa ndani husukumwa nje kupitia ufa huo, kama usaha utokavyo katika jipu lililobonyezwa. Ute huo ukiufikia mshipa wa fahamu huuumiza kwa njia mbili: huubana, na tena huuchoma kwa dawa zake za asili, hata mshipa ukavimba na kuwaka. Katika kila wagonjwa 100 wenye diski iliyopasuka kiunoni, kadiri ya 95 huwa na ugonjwa huo katika diski mbili za chini kabisa, kwa sababu hizo ndizo zinazochukua uzito mwingi na kupinda sana.

Ugonjwa huu huwapata zaidi watu wa umri wa miaka 30 hadi 50, yaani wakati ule ule ambapo jamaa nzima inawategemea. Wengine wamerithi diski dhaifu kutoka kwa wazazi wao. Uvutaji wa tumbaku, unene wa kupita kiasi, kazi ya kuinama na kubeba, na kuketi muda mrefu juu ya chombo kinachotikisika, yote huzidisha hatari. Katika miaka ya 1960 daktari wa Uswidi, Alf Nachemson, alipima shinikizo lililo ndani ya diski za watu hai kwa sindano maalumu. Aliona kwamba mtu anapoinama mbele huku ameshika mzigo, shinikizo katika diski huzidi maradufu kuliko anaposimama wima. Hata hivyo tukio la mwisho huweza kuwa dogo sana. Mtu aliyebeba magunia miaka 20 bila kulalamika huweza kuangushwa na chafya moja, kwa kuwa ufa ulikuwa umekwisha kuanza zamani.

DALILI ZAKE

Na achukuliwe kwa mfano mkulima mmoja wa Birongo, mtu wa miaka 40. Asubuhi moja ainama kuinua ndoo ya maji ya ng'ombe na ahisi kitu kimekatika kiunoni. Siku ya pili maumivu yanashuka katika tako, nyuma ya paja, hata kwenye ndama ya mguu na kidole. Yanachoma kama moto au kupiga kama umeme. Akikohoa yanazidi, akiketi yanazidi, akitembea polepole yanapungua. Sehemu ya mguu inakufa ganzi. Hizo ndizo dalili za mshipa mkubwa wa mguu uliobanwa kiunoni, na aghalabu maumivu ya mguu hushinda yale ya kiuno chenyewe.

Kwa kuwa maumivu haya huja ghafula, na jeraha halionekani, wako wanaodhani kwamba wamefanyiwa ubaya na adui, nao huanza kumtazama jirani kwa jicho la chuki. Jirani hana hatia. Mguu wauma ingawa hauna kidonda kwa sababu mshipa wake umebanwa mahali pengine, kama vile maji yanavyokoma kutoka mferejini huku bomba limezibwa mbali mlimani.

Daktari humchunguza mgonjwa kwa njia rahisi. Humlaza chali, kisha huuinua mguu wake polepole ukiwa umenyooka. Ikiwa maumivu yanashuka mguuni kabla mguu haujafika juu, yamkini mshipa umebanwa. Kisha humwambia atembee kwa visigino, na tena kwa ncha za vidole. Asiyeweza kuinua unyayo wake, au kusimama kwa vidole vya mguu mmoja, ana udhaifu wa misuli, na habari hiyo ni kubwa kuliko ukali wa maumivu.

SI KILA KIUNO KIUMACHO KINA DISKI

Yako magonjwa mengine yanayojificha katika kiuno. Kifua kikuu huweza kuingia katika pingili za mgongo na kuzila polepole, hata mgonjwa akatokwa na kibyongo na miguu ikapooza. Mgonjwa huyo huwa na homa za jioni, jasho la usiku na kukonda, wala maumivu yake hayatulii akilala. Anayekunywa maziwa yasiyochemshwa huweza kupata bruselosi, ambayo nayo huleta homa na maumivu ya mgongo. Mzee mwenye maumivu mapya yasiyompa usingizi yampasa kuchunguzwa asije akawa na saratani. Na aliyeanguka kutoka mtini au katika pikipiki huenda amevunjika pingili. Watu kama hao hawapaswi kungoja wala kukandwa, bali wafike hospitali.

Kwa upande mwingine, picha nayo yaweza kumdanganya asiyejua kuisoma. Picha ya eksirei huonyesha mifupa, haionyeshi diski. Picha ya mashine ya MRI huonyesha diski vizuri sana, ila huonyesha na makunyanzi ya umri. Mwaka 1994 madaktari wa Marekani walitangaza habari za watu 98 wasioumwa na kiuno hata kidogo, waliopigwa picha hizo. Katika kila watu 100 wa namna hiyo, 52 walikuwa na diski iliyovimba angalau mahali pamoja, na 27 walikuwa na diski iliyotokeza nje. Kwa hiyo haifai mtu kuuza ng'ombe ili apigwe picha katika juma la kwanza la maumivu, ikiwa hana alama za hatari. Picha ina faida wakati daktari anaposhuku ugonjwa mwingine, au upasuaji unapofikiriwa.

MATIBABU YA KWANZA

Habari njema ni kwamba mwili wenyewe ni fundi. Chembe za damu huusogelea ule ute uliotoka na kuula kidogo kidogo, kama mchwa walavyo kipande cha mti. Katika wagonjwa waliopigwa picha mara ya pili, karibu theluthi mbili walionekana kwamba kipande kilichotokeza kimepungua au kimetoweka. Wagonjwa wengi hupata nafuu katika muda wa majuma 6 hadi 12.

Zamani mgonjwa aliamriwa kulala kitandani majuma mengi. Shauri hilo limeachwa. Mwaka 1999 madaktari wa Uholanzi walitangaza majaribio yao juu ya wagonjwa 183 wenye maumivu ya mshipa wa mguu. Baadhi yao walilazwa kitandani majuma mawili, na wengine waliambiwa waendelee na shughuli zao kadiri walivyoweza. Baada ya majuma 12, katika kila kundi watu 87 kwa kila 100 walikuwa wamepata nafuu. Kitanda hakikuwaongezea kitu, ila misuli ya mtu asiyetembea hulegea, na shamba lake hubaki bila mkono.

Basi mgonjwa na apumzike siku moja au mbili ikiwa maumivu ni makali, kisha aanze kutembea, kidogo mara nyingi. Na aache kwa muda kuinama, kubeba na kuketi kitako saa nyingi. Kitambaa chenye joto kiunoni hutuliza misuli. Dawa za namna ya ibuprofeni huweza kusaidia kwa siku chache, lakini mwenye vidonda vya tumbo, mwenye ugonjwa wa figo na mama mja mzito wasizimeze bila shauri la daktari. Maumivu yanapopungua, mtaalamu wa mazoezi ya viungo humfundisha mgonjwa kuimarisha misuli ya tumbo na mgongo. Kuna pia sindano ya dawa ya kupunguza uvimbe, ambayo daktari bingwa huipiga karibu na mshipa. Nafuu yake mara nyingi ni ya muda mfupi. Sindano zipigwazo na watu wasiojulikana sokoni ni hatari, na kukanyagwa mgongo kwa miguu ni hatari zaidi, kwa maana ufa mdogo huweza kufanywa mkubwa.

KISU NA MAHALI PAKE

Wagusii si wageni wa upasuaji. Tangu kale walikuwa na mafundi walioitwa ababari, waliojua kufungua fuvu la mtu aliyeteswa na maumivu ya kichwa baada ya kupigwa, na katika miaka ya 1950 na 1960 madaktari wa kigeni waliandika habari za kazi yao. Kwa hiyo katika nchi hii neno la kisu halimshangazi mtu. Linalotakiwa kujulikana ni wakati wa kisu.

Asili ya ugonjwa huu ilifahamika vizuri mwaka 1934, wakati William Jason Mixter na Joseph Seaton Barr, madaktari wa Boston huko Marekani, walipoandika kwamba vipande vilivyotolewa migongoni mwa wagonjwa, na ambavyo vilidhaniwa kuwa uvimbe, kwa kweli vilikuwa vipande vya diski. Tangu hapo upasuaji wa kukitoa kipande kinachobana mshipa umeenea duniani. Siku hizi jeraha lake ni la sentimita chache tu, na mgonjwa huondolewa kile kipande kilichotokeza, si diski nzima.

Lakini je, apasuliwe nani? Mwaka 2007 madaktari wa Uholanzi walitangaza matokeo ya wagonjwa 283 ambao miguu yao ilikuwa imewauma kwa majuma 6 hadi 12. Kundi moja lilipangiwa kupasuliwa mapema, na kundi la pili liliendelea na matibabu ya kawaida, likipasuliwa tu ikiwa lazima. Waliopasuliwa mapema walipata nafuu upesi zaidi. Walakini mwaka ulipokwisha makundi yote mawili yalikuwa sawa, na wengi zaidi ya nusu ya kundi la pili walikuwa hawakuhitaji kisu. Kwa hiyo upasuaji ni njia ya kufupisha mateso kwa yule ambaye maumivu ya mguu wake hayakupungua baada ya majuma kadhaa ya matibabu mema. Hauahidi kuondoa maumivu ya kiuno chenyewe, na diski iliyotibiwa huweza kupasuka tena.

ALAMA ZA HATARI

Yote yaliyosemwa juu ya subira hayamhusu mgonjwa mwenye alama zifuatazo. Kipande kikubwa cha diski huweza kulibana lile fungu la mishipa lililofanana na mkia wa farasi. Hapo mgonjwa huona mambo haya:

1. Mkojo unakataa kutoka, au unatoka bila yeye kujua.
2. Haja kubwa inamtoka bila kuweza kuizuia.
3. Ganzi inashika sehemu za siri na mahali anapokalia, kama mtu aliyepanda tandiko.
4. Miguu yote miwili inauma au inalegea, au mguu mmoja unazidi kudhoofika siku kwa siku.

Mwenye alama mojawapo ya hizo na apelekwe hospitali siku ile ile, hata kama ni usiku na mvua inanyesha. Mishipa hiyo haingoji. Ikipita siku moja au mbili bila kufunguliwa, mtu huweza kupona maumivu lakini akabaki na mkojo usiozuilika na miguu dhaifu maisha yake yote. Kutoka Birongo safari yaweza kuanzia katika hospitali ya Keumbu, iliyo kwenye barabara ya Kisii na Keroka, au moja kwa moja katika Hospitali ya Mafunzo na Rufaa ya Kisii, ambako daktari ataamua kama mgonjwa apelekwe mbele zaidi.

Adui mkubwa hapa ni aibu. Baba mzima huona haya kumwambia mwanawe kwamba amejikojolea, na mkamwana hawezi kumtajia mama mkwe ganzi ya mahali pale. Wao hunyamaza, na watu wa nyumbani hudhani kwamba mgonjwa anazidi kidogo tu. Kwa hiyo daktari anapouliza, "Mama, mkojo watoka kama kawaida? Je, unapojifuta wahisi vizuri?" haulizi kwa utovu wa adabu. Anatafuta jambo ambalo macho hayawezi kuliona. Inafaa na wenye nyumba wajifunze kuuliza hivyo hivyo: mke amwulize mumewe, dada amwulize nduguye, bila kucheka.

KUUTUNZA MGONGO

Hakuna awezaye kuahidi kwamba diski haitapasuka kamwe, lakini mzigo wa kila siku waweza kupunguzwa. Haba na haba hujaza kibaba: mitungi miwili ya lita 10, kila mkono na wake, ni myepesi kwa mgongo kuliko mmoja wa lita 20 upande mmoja. Anayeinua kitu na akikaribie, apige magoti, akishike karibu na kifua, kisha ainuke kwa nguvu za mapaja. Na akitaka kugeuka, ageuze nyayo zake wala asikisokote kiuno. Jembe lenye mpini mrefu humwondolea mkulima kuinama sana. Mkamuaji na atumie kigoda badala ya kuinama, na mizigo mizito ingoje saa moja baada ya kuamka. Mwendesha bodaboda na ashuke mara kwa mara atembee. Mvuta tumbaku na aache, kwa kuwa moshi huikausha diski pamoja na kuyaharibu mapafu.

Hatimaye, mwenye nyumba na ashike maneno machache tu. Mguu unaouma kwa sababu ya diski huhitaji mwendo, subira na dawa kidogo, na aghalabu utapona kabla msimu haujageuka. Lakini mkojo ukikatika, au ganzi ikishika mahali pa kukalia, subira si dawa tena. Aitwe mwenye gari, wala isingojwe asubuhi.